Kuchagua kitabu kikuukuu cha mila za kale

Ukikuta kitabu cha desturi za kale kwa wauza vitabu wa barabarani katikati ya Nairobi, usianze na bei. Tafuta ukurasa wa haki za uchapishaji: mwaka unaoonekana kwanza huenda ni wa kupigwa chapa upya tu. Facing Mount Kenya cha Jomo Kenyatta kilitoka 1938, na hata nakala mpya kabisa inaeleza Wakikuyu wa enzi hiyo. Kagua kurasa za picha na ramani, maana hizo huchanwa mapema. Kifungue katikati polepole. Gundi kavu ikipasuka, kurasa zitang'oka. Halafu soma dibaji, na hapa usiharakishe: mwandishi alishuhudia mwenyewe, au alisimuliwa? Na nani?