Somo: Keki za mwezi za Kichina, za kuoka na zisizoingia kwenye oveni

Wapishi wenzangu, hamjambo. Naishi Guangzhou, na kila sikukuu ya katikati ya vuli ikikaribia, maboksi ya keki za mwezi hujaa madukani hadi njia haionekani. Wenyewe huziita yuebing. Sikukuu ni tarehe 15 ya mwezi wa 8 kwa kalenda yao, usiku wa mwezi mpevu. Mwaka 2025 iliangukia 6 Oktoba, na mwaka 2026 ni 25 Septemba. Wanafuata mwezi mwandamo, ila kila miaka miwili au mitatu huongeza mwezi mzima, ndiyo maana haizunguki mwaka kama Ramadhani.

Tutapika ya Kikantoni, yaani ya watu wa huku Guangzhou, ambayo huokwa, kisha bingpi, yaani "ngozi ya barafu", ambayo hupikwa kwa mvuke. Tafuta mizani kwanza. Hapa kukisia kwa kiganja kama unapika chapati hakufai.

1. Shira (wiki mbili kabla)
Sukari gramu 400, maji 200, maji ya limau 50. Koroga mpaka sukari iyeyuke, kisha ikianza kuchemka usiiguse tena, maana ukikoroga itarudi kuwa chembechembe. Moto mdogo, dakika 45 hadi saa nzima, mpaka iwe na rangi ya asali. Mwenye kipimajoto aipue kwenye nyuzi 113 hivi. Limau ndilo linaloivunja sukari isigande, na ndilo litakalofanya ngozi ya keki iwe laini. Shira ya kaimati haishiki kazi hii, ni nyepesi mno. Weka kwenye chupa. Mimi hutumia niliyoipika mwaka uliopita.

2. Maji ya magadi
Tandaza bikaboneti ya kuokea kwenye trei, oka nyuzi 120 kwa saa moja. Inakuwa kali zaidi, kwa hiyo usiichezee kwa vidole. Gramu 1 yeyusha katika gramu 4 za maji. Kazi yake ni kupunguza uchachu wa shira na kuipa keki rangi ya kahawia.

3. Ujazo
Wakantoni wanasifia mbegu za yungiyungi, lakini choroko nazo ni ujazo wa asili kabisa huku, na kwetu zipo tele (Wakenya, ndizo ndengu). Chukua zilizokobolewa gramu 250, loweka usiku, pika kwa mvuke dakika 40, saga. Weka kwenye kikaango na sukari 120, mafuta 80 na chumvi kidogo, kaanga kwa moto mdogo huku ukigeuza bila kuacha. Mkono utauma. Endelea mpaka donge liache kunata kwenye sufuria na likae umbo ukilifinyanga. Ujazo wenye maji ndio unaopasua keki.

4. Ngozi
Shira 70 na maji ya magadi 2, koroga vizuri. Tia mafuta ya karanga 28, koroga mpaka vishikane. Mwisho unga wa ngano wa keki 100. Changanya tu, usikande kama maandazi. Funika, uache saa mbili.

5. Kuunda
Kwa kalibu ya gramu 50: ngozi 15, ujazo 35. Kama ni mara yako ya kwanza, nenda na 20 kwa 30, hakuna atakayekucheka. Sambaza ngozi kiganjani, weka ujazo katikati, kisha isukume ngozi ipande taratibu mpaka ifunge juu. Paka unga kidogo, gandamiza kwenye kalibu, toa.

6. Kuoka
Nyunyizia maji kama ukungu. Nyuzi 200, dakika 5, ili nakshi ishike. Toa, zipoe dakika 10. Paka kiini cha yai kilichochanganywa na kijiko cha maji, juu ya nakshi tu, tena kidogo sana. Ukizidisha maua yote yanafutika. Rudisha nyuzi 175, dakika 12 hadi 15.

Zitatoka kavu kama biskuti. Mwaka wangu wa kwanza nilizila jioni ileile nikaapa sirudii. Jirani, mama wa Kikantoni, alicheka, akanionyesha kopo la bati: fungia siku mbili au tatu. Wanaita huiyou, mafuta kurudi. Mafuta na shira hupanda kwenye ngozi, nayo inalainika na kung'aa.

Bingpi
Unga wa mchele wa kunata 50, wa mchele wa kawaida 40, wanga wa ngano au wa mahindi 20, sukari ya unga 50, maziwa 190, mafuta 20. Changanya, chuja, acha nusu saa, pika kwa mvuke dakika 25. Koroga ukiwa moto, ukipoa kanda mpaka uwe laini. Kaanga kando unga wa kunata vijiko vitatu bila mafuta, uwe wa kunyunyizia. Ngozi 25, ujazo 25, kalibu, kisha friji saa nne. Hazikai, zile ndani ya siku mbili.

MASWALI YA WANACHAMA

*Dada, bingpi naweza kutumia unga wangu wa vitumbua?*
Peke yake hapana, mpendwa. Mchele wa kawaida haunati. Utapata kitu kinachokatika. Ulizia duka la vyakula vya Kiasia.

*Magadi ya kupikia maharage je?*
Usithubutu. Huwezi kujua ukali wake, na hapa tunapima gramu mbili.

*Zangu zimetanuka chini kama sahani.*
Shira yako ni nyepesi, irudishe motoni. Zikivimba kiunoni na kupasuka, angalia ujazo, au umeoka muda mrefu.

*Asalaam aleikum. Za dukani ni halali?*
Waaleikum salaam. Si zote. Nyingi zina mafuta ya nguruwe, hasa zile za Suzhou zenye ngozi ya matabaka, na za karanga na mbegu tano wakati mwingine hutiwa nyama ya nguruwe. Tafuta neno qingzhen, yaani halali, kwenye boksi. Za somo hili hazina shida.

*Kile kiini cha njano katikati ni nini?*
Kiini cha yai la bata lililolowekwa kwenye chumvi karibu mwezi mzima. Ukikitumia, punguza ujazo kwa uzito uleule.

*Nimemaliza tatu kwa mkupuo, sasa kichefuchefu.*
Mama yangu! Moja hukatwa vipande vinne au vinane, watu wakagawana na chai isiyo na sukari. Kunywa maji ya moto, upumzike.