Filamu fupi ya watu wawili wasioelewana: namna ya kuitengeneza Dodoma

Kaskazini mwa mkoa wetu, Msandawe, Mburunge na Mrangi wanakutana kwenye mnada mmoja. Kirangi ni cha Kibantu kama Kigogo, Kiburunge ni cha Kikushi, na Kisandawe kiko peke yake. Kiswahili ndicho kinachowapatanisha. Filamu hii inaanza pale unapokiondoa.

Hatua ya 1: Watu wawili, kazi moja. Tafuta Msandawe na Mgogo, kila mmoja asijue hata salamu ya mwenzake. Wape kazi inayodai maelekezo: kufunga gunia la mkaa kwenye baiskeli, mmoja akijua fundo, mwingine akishika kamba. Kiswahili marufuku. Usiwaandikie maneno ya kukariri. Ukiwaandikia wataigiza kutoelewana, na itaonekana. Kibali cha Bodi ya Filamu kiwe mkononi, na mwenyekiti wa kijiji awe na habari.

Hatua ya 2: Sauti. Hapa usiwe na haraka. Kiangazi upepo wa Dodoma hauna adabu, kwa hiyo ivishe mikrofoni manyoya na urekodi asubuhi mapema. Kisandawe kina vidoko, yaani konsonanti za kualisha ulimi, na kidoko huruka ghafla kwenye kipimo cha sauti. Acha sauti ya kawaida icheze karibu na desibeli -18 ili kipate nafasi. Hifadhi kwa WAV, si MP3.

Ukifika kwenye kuhariri, zima kichujio cha kuondoa milio mifupi. Programu inaweza kukidhania kidoko kuwa hitilafu na kukipunguza, na hapo umeng'oa konsonanti mdomoni mwa mtu. (Mimi ningekiwasha makusudi kwa dakika moja, kisha nirudie kipande kilekile kikiwa kizima. Hakuna hotuba itakayosema zaidi.)

Hatua ya 3: Picha. Kamera juu ya stendi, fremu 25 kwa sekunde, ikiilenga mikono yao. Nyuso ziache.

Hatua ya 4: Kuhariri. Chelewesha sauti fremu 12, karibu nusu sekunde, uongeze pole pole kadiri fundo linavyogoma. Tafsiri chini ya picha usiweke, hata wakikulalamikia. Maandishi yatokee wanaponyamaza tu, yakitaja kinachosikika: kamba, punda, upepo.

Hatua ya 5: Maonyesho. Anza kijijini kwao kabla ya mjini. Wasandawe watacheka mahali ambapo Wagogo wametulia, na kinyume chake. Weka alama hapo, kwani ndipo pa kurefusha. Mmoja wa wale wawili akitaka kipande kitolewe, kitoe kabla nakala haijatoka.