Somo: Namna ya kuwasoma wahakiki wa Herman Melville, hatua kwa hatua

Ndugu zangu, wengi mmeniomba niandike jinsi ya kuzikabili tahakiki zinazomhusu Herman Melville, yule Mmarekani aliyeandika Moby-Dick. Nimekaa na vitabu hivi miaka mingi, na jambo moja nalishikilia kuliko yote: kabla hujalikubali neno la mhakiki, uliza alikuwa ameshika karatasi gani mkononi. Nakala ipi ya riwaya? Barua zipi? Mswada upi?

Hatua ya 1: Msome Melville kabla ya wanaomsema. Moby-Dick ina sura 135 na hitimisho fupi. Usizikimbie sura za mafuta na mifupa ya nyangumi, maana wahakiki wengi wanapiga kambi huko. Shika penseli, andika pembeni kila kilichokukwama.

Hatua ya 2: Ijue nakala. Hapa tusiende haraka.

Oktoba 1851 riwaya ilitoka London kwa Richard Bentley, juzuu tatu, kwa jina la The Whale. Mwezi uliofuata ikatoka New York kwa Harper & Brothers ikiitwa Moby-Dick. Nakala ya London ilikosa lile hitimisho ambamo Ishmael, msimulizi wa riwaya, anaelea juu ya jeneza la rafiki yake Queequeg mpaka meli nyingine inamwokota. Basi baadhi ya wahakiki wa London wakalalamika: kama wote wamezama, anayetusimulia ni nani? Kwa karatasi waliyokuwa nayo, lawama yao ilikuwa ya haki kabisa.

Mfano wa pili unaniuma zaidi. Mwaka 1941 F. O. Matthiessen alitoa American Renaissance, moja ya vitabu vizito kuhusu fasihi ya Marekani. Humo aliisifu taswira moja ya White-Jacket, riwaya nyingine ya Melville: baharia ameanguka kutoka juu mlingotini, yuko chini ya maji, na samaki "aliyechafuka" anampitia ubavuni. Matthiessen aliona ufundi mkubwa katika neno hilo, uchafu kukutanishwa na maji yanayosafisha. Kumbe Melville aliandika samaki "aliyejikunja". Kwa Kiingereza maneno hayo mawili yanapishana herufi moja tu, na kosa lilikuwa la uchapaji katika toleo alilolitumia. John W. Nichol alilionyesha mwaka 1949. Bado nampenda Matthiessen na bado namsoma. Lakini tangu nilijue hilo, sinukuu sentensi ya Melville kutoka kwa mhakiki bila kurudi kwenye toleo lililosahihishwa, lile la Chuo Kikuu cha Northwestern na Maktaba ya Newberry, lililoanza kutoka 1968 na kukamilika 2017.

Na Billy Budd, kisa chake cha mwisho, je? Melville alifariki 28 Septemba 1891 akiacha mswada ambao haujakamilika. Raymond Weaver aliupata 1919 kwa mjukuu wa mwandishi, Eleanor Metcalf, akauchapisha 1924. Mwanzoni aliweka kurasa alizodhani ni dibaji. Harrison Hayford na Merton Sealts waliupekua mswada karatasi kwa karatasi, na katika toleo lao la 1962 wakaonyesha kwamba zile hazikuwa dibaji: Melville alikwisha kuziondoa. Kwa hiyo ukikuta makala ya miaka ya 1930 au 1940 inayojenga hoja juu ya "dibaji" ya Billy Budd, jua msingi wake umehama.

Hatua ya 3: Pima wasifu kwa ushahidi. Weaver, aliyetoa wasifu wa kwanza kamili 1921, alizichukua riwaya za mwanzo kama maisha yenyewe ya mwandishi. Typee, ya kwanza kati ya hizo, inadai msimulizi alikaa miezi minne bondeni katika kisiwa cha Nuku Hiva. Charles R. Anderson alifuatilia kumbukumbu za meli, na mwaka 1939 akaonyesha kwamba Melville alitoroka meli yake Julai 1842 na mwezi mmoja baadaye alikuwa ameshapanda nyingine. Mengi ya ziada aliyachota vitabuni mwa wasafiri waliomtangulia.

Unaposoma wasifu, pembeni ya kila dai andika herufi: B kwa barua, K kwa kumbukumbu rasmi, R kwa riwaya. Ukurasa ukijaa R, punguza mwendo. The Melville Log ya Jay Leyda, ya 1951, inakusaidia sana kwa sababu inapanga nyaraka kwa tarehe. Kumbuka pia kwamba barua za Melville kwa Nathaniel Hawthorne tunazo kadhaa, ila za Hawthorne kwake karibu zote zimepotea. Anayeandika kuhusu urafiki wao anasikia upande mmoja wa mazungumzo.

Hatua ya 4: Wapange kwa miaka. Wa miaka ya 1920 walimfufua mtu aliyekuwa amesahauliwa, aliyemaliza miaka 19 akiwa mkaguzi wa forodha New York, na wakampenda kama fahari iliyodharauliwa. Charles Olson, 1947, alifuata maelezo ambayo Melville mwenyewe aliyaandika ndani ya nakala zake za Shakespeare. C. L. R. James wa Trinidad aliandika chake akiwa kizuizini Ellis Island, kikatoka 1953. Macho yake yako kwa mabaharia wa kila taifa wanaofanya kazi chini ya Ahab, nahodha wa Moby-Dick, na Ahab anamwona kama dikteta wa karne ya 20. Toni Morrison, katika mhadhara wa 1988, akauliza weupe wa nyangumi unasema nini juu ya ubaguzi wa rangi Marekani. Kwangu hawa wawili ndio waliokifungua kitabu upya.

Hatua ya 5: Chagua sura moja, kwa mfano ya 42, ile ya weupe wa nyangumi, wasome wahakiki watatu juu yake, kisha rudi kwenye maneno uliyoandika kwa penseli.

MASWALI YA WANACHAMA

Mkuu, Moby-Dick inanitisha kwa unene. Naweza kuanza na nini?
Anza na hadithi zake fupi: Bartleby ya 1853, kisha Benito Cereno ya 1855. Hiyo ya pili ni darasa zima: Melville aliichota kwenye kumbukumbu za nahodha Amasa Delano zilizochapishwa 1817, kuhusu watumwa Waafrika walioiteka meli. Soma hadithi na chanzo sambamba, uone alichobadilisha. Wahakiki wengi wa zamani walimwona Babo, mmoja wa watumwa hao, kuwa uovu mtupu. Waliofuata wakamwona kiongozi wa maasi anayewazidi wote akili.

Mwalimu, je, ni kosa kusema Ahab ni Melville mwenyewe?
Ni dai, na dai linataka ushahidi. Usisahau kwamba "mimi" wa riwaya ni Ishmael.

Sina fedha za vitabu. Nifanyeje?
Kazi zake hazina tena hakimiliki, zipo bure kwenye intaneti. Ila angalia nakala hiyo imetoka toleo gani. Umeona yaliyompata Matthiessen.

Kuna chochote kinachomhusisha na pwani yetu?
Kipo kidogo, ila ni cha kweli. Melville hakufika kwetu. Lakini J. Ross Browne, aliyesafiri na meli ya kuvua nyangumi, alikaa Zanzibar na kuandika habari zake katika kitabu kilichotoka 1846. Mwaka 1847 Melville alikihakiki kitabu hicho katika gazeti la Literary World, na baadaye akakinukuu katika madondoo yanayofungua Moby-Dick. Kwa hiyo alipokaa kuandika kuhusu nyangumi, alikwisha kusoma habari za Unguja.