Somo: Kupanda Gloriosa kwa Kiazi

Kila mvua zinapokaribia naulizwa swali lilelile, yaani kwa nini kiazi cha gloriosa kimekaa ardhini hadi kikaoza bila kuchipua. Nimeandika somo hili ili atakayeuliza tena aelekezwe hapa. Gloriosa ni ule mmea utambaao unaojiotea vichakani, pwani hata bara, wenye maua mekundu na manjano ambayo petali zake sita hupinda kurudi nyuma kama ndimi za moto.

Hatua ya kwanza: chagua mahali penye jua na udongo usiotuamisha maji.

Hatua ya pili: simika kijiti kabla ya kupanda, kwa sababu kikichomekwa baadaye kinaweza kutoboa kiazi.

Hatua ya tatu ni kukishika kiazi, na hapa ndipo wengi hupotelea. Kiazi hiki ni chembamba, mara nyingi kina mikono miwili mfano wa herufi V, na jicho la kuchipua liko kwenye ncha ya mkono tu, tofauti na mbatata yenye macho mwili mzima. Ncha ikivunjika, mkono huo hautachipua hata ukiumwagilia mwaka mzima, nayo huvunjika kwa kuguswa tu. Kwa hiyo usikubali viazi vilivyorundikwa ndani ya gunia. Ukitaka kugawa, tenganisha mikono pale inapokutana, kila mmoja ubaki na ncha yake. Vaa glavu, wala usivihifadhi jikoni, kwa maana mmea wote una sumu iitwayo kolchisini, na huko Sri Lanka wamekufa watu waliovila wakidhani ni viazi vikuu.

Hatua ya nne: laza kiazi ubavu, kina cha sentimita tano hadi saba, ukimwagilia kidogo hadi chipukizi litokee.

Hatua ya tano: majani yakinyauka baada ya maua, acha kumwagilia. Kiazi kimelala, hakijafa.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Mkuu, mzee wangu ana jongo na nasikia mmea huu ni dawa. Tuchemshe viazi vingapi?

Jibu: Hata kimoja msichemshe. Ni kweli kwamba kolchisini hutibu jongo, lakini vidonge vya hospitali hupimwa kwa sehemu ya miligramu, na dozi inayotibu haiko mbali na ile inayoua. Anayekula kiazi hutapika na kuhara baada ya saa kadhaa, anaweza kupata nafuu ya uongo, kisha uboho na viungo vya ndani hushindwa kufanya kazi. Mpeleke mzee kwa daktari.

Swali: Nilikata vyangu vipande vidogo ili vitoshe kitalu chote. Mbona kimya?

Jibu: Soma hatua ya tatu.

Swali: Nimesoma, ila sikuona kama kukata kumekatazwa.

Jibu: Ndugu, imeandikwa kwamba kila mkono ubaki na ncha yake. Vipande vya katikati havina ncha.

Swali: Mwalimu, mmea huu hupandaje kijiti bila kufungwa, na mbona wangu hautoi mbegu?

Jibu: Umeuliza vizuri, dada. Tazama ncha ya jani: imerefuka ikawa mkia mwembamba unaojizungusha kwenye chochote unachokigusa. Sasa tazama ua, uone jinsi kijiti cha kike, yaani sehemu ya ua inayopokea chavua, kinavyopinda pembeni tangu shinani, mbali na chavua ya ua lenyewe. Huko Tamil Nadu, India, ambako mbegu huuzwa kwa watengenezaji wa dawa, wakulima huchavusha kwa mkono. Chukua chavua ya mmea mwingine kwa brashi laini, upake kwenye ncha ya kijiti hicho. Kolchisini hiyohiyo huwasaidia pia wazalishaji wa mbegu kuongeza maradufu kromosomu (nyuzi zinazobeba urithi) za mimea, na ndiyo njia iliyotuletea matikiti yasiyo na mbegu.

Mchango: Kwa wanaopamba nyumba, ua hili hudumu vizuri ndani ya chombo cha maji.

Jibu: Hudumu, lakini kateni kikonyo kifupi, kwa kuwa majani yaliyobaki ndiyo yanayokijaza kiazi cha msimu ujao, na maji ya chombo yasimwagwe penye mbuzi.