Matunda ya msimu katika shira ya viungo na Konyagi: namna ya kuyaandaa, hatua kwa hatua

Mwongozo huu nimeuandika baada ya kumsaidia wifi yangu hapa Moshi kuandaa kitindamlo cha watu wazima kwa siku ya kuvunja kikoba chao, mwezi Desemba, wakati maembe yamejaa sokoni na joto halimruhusu mtu hata kufikiria keki. Chakula chenyewe ni chepesi: matunda yaliyokatwa vipande hulowekwa katika shira nyembamba yenye mdalasini, karafuu, iliki na tangawizi, shira hiyo hutiwa pombe kali kwa kiasi, kisha vyote hupozwa sana. Kinachotofautisha bakuli linalorudi tupu na lile linaloachwa nusu ni shira, wala si matunda, kwa hiyo msomaji asishangae akiikuta hatua hiyo imechukua nafasi kubwa kuliko nyingine.

Kwa watu kumi utahitaji nanasi moja la wastani, maembe makubwa matatu, papai dogo moja, mapasheni sita, machungwa mawili na ndimu mbili. Kwa ajili ya shira tayarisha sukari gramu 300, yaani glasi moja na nusu ya kawaida, maji mililita 500, kijiti cha mdalasini chenye urefu wa kidole, karafuu punje tano, iliki nane, pilipili manga nzima punje sita, na kipande cha tangawizi mbichi cha sentimita nne. Pombe ni mililita 150.

Hatua ya kwanza: sokoni

Nenda Mbuyuni au Soko Kuu asubuhi, kabla jua halijayapiga matunda. Embe liwe limeiva lakini bado limekaza. Dodo linafaa sana, ila maembe yenye nyuzi nyingi yaachie juisi. Nanasi linuse kwenye kitako: lisilonukia hapo halitapata utamu nyumbani, kwa sababu nanasi likishakatwa shambani haliongezi sukari. Tangawizi ya Same ni kali na hupatikana kwa urahisi mkoani kwetu. Nunua yenye ganda lililonyooka, isiyosinyaa.

Viungo vyote vinunue vikiwa vizima. Katika jambo hili sitoi ruhusa ya pakiti ya unga, na sababu nitaieleza hapa chini. Karafuu ipime kwa ukucha: ukibonyeza kichwa chake inapaswa kutoa mafuta kidogo na harufu ipande mara moja. Ukitaka uhakika zaidi, itupie katika glasi ya maji. Iliyo nzima huzama au husimama wima, na ile iliyokwisha mafuta hulala juu ya maji. Iliki ipasue moja mbele ya muuzaji uone kama punje za ndani ni nyeusi na zinanata. Zikiwa za kahawia na kavu, zimekaa dukani muda mrefu mno.

Hatua ya pili: shira

Weka sukari na maji katika sufuria yenye kitako kizito, koroga juu ya moto mdogo mpaka sukari iyeyuke yote, kisha acha kukoroga. Sukari ya kiwanda cha TPC, inayotoka hapo Arusha Chini, ina rangi ya hudhurungi kidogo na itaipa shira rangi ya asali nyepesi, jambo ambalo mimi nalipenda kuliko weupe.

Shira ikianza kuchemka, tia mdalasini, tangawizi iliyokatwa vipande vyembamba bila kukunwa, pilipili manga, na iliki zilizopondwa kidogo kwenye kinu ili ganda lipasuke tu. Tia pia ganda la chungwa moja. Machungwa yetu mengi hubaki na ganda la kijani hata yakiiva, na hilo halina ubaya. Muhimu ni kumenya ile ngozi ya juu peke yake kwa kisu chembamba, kwa maana nyama nyeupe iliyo chini yake ni chungu, na uchungu huo ukishaingia katika shira hautolewi kwa sukari ya kuongeza. Karafuu usiitie bado.

Hapa ndipo wengi hukwama, na ndipo wifi yangu alipokuwa amekwama mara nyingi kabla ya kuniita, kwa hiyo naomba msomaji asiruke mistari. Kwanza, unga wa mdalasini hauyeyuki. Ukichemshwa katika maji ya sukari hutoa ute, na shira hugeuka kuwa nzito yenye kuteleza, yenye rangi ya matope, isiyochujika hata kwa kitambaa. Hali ni hiyo hiyo kwa tangawizi iliyokunwa, ambayo huifanya shira kuwa na ukungu. Kijiti na vipande huacha harufu na kutoka salama.

Pili, shira hii si ile ya kaimati. Aliyezoea kupika kaimati ana mkono wa kusubiri mpaka shira ivute uzi kati ya vidole viwili, na mkono huo hapa humponza. Shira nzito huyavuta maji yaliyomo ndani ya tunda kwa nguvu, kiasi kwamba vipande vya embe husinyaa na kuwa vigumu pembeni, huku bakuli likijaa maji matamu yasiyo na umbo. Tunachotaka ni shira inayotiririka kwenye mwiko kama maji, ikiacha utando mwembamba tu nyuma yake. Dakika kumi za mchemko wa polepole bila mfuniko zinatosha. Ikiwa moto, itaonekana nyepesi kupita kiasi, nawe utashawishika kuiacha iendelee; usikubali, kwa kuwa huongezeka uzito inapopoa. Kipimajoto nacho hakisaidii sana huku kwetu, maana kadiri mahali palivyo juu ndivyo maji yanavyochemka kwa nyuzi chache zaidi: Arusha mjini, kwenye mwinuko wa mita 1,400 hivi, huchemka kwenye nyuzi 95 badala ya 100, na maelezo yaliyoandikwa kwa ajili ya watu wa pwani hupotosha. Tumia jicho na mwiko.

Tatu, karafuu. Itie dakika tatu za mwisho, punje tano na si zaidi, kisha uzime moto na kufunika sufuria kwa robo saa. Baada ya hapo chuja kila kitu, na uhesabu karafuu zinazotoka. Nasisitiza kuhesabu kwa sababu mafuta ya karafuu huyeyuka katika pombe vizuri zaidi kuliko katika maji. Punje moja iliyojificha chini ya vipande vya tangawizi haitakuletea shida katika shira ya maji, lakini ukishatia pombe na kuilaza usiku kucha itaendelea kutoa mafuta hayo, na asubuhi utaonja dawa ya jino. Ulinganisho huo una msingi, maana eujenoli, kemikali inayoipa karafuu harufu yake, ndiyo hiyo inayotumiwa na madaktari wa meno. Bakuli likifikia hapo halina tiba. Kuongeza maji hakusaidii, na ndimu huifanya karafuu isikike zaidi.

Kuna wanaoloweka viungo moja kwa moja ndani ya chupa ya pombe kwa siku kadhaa ili kukwepa kuchemsha. Njia hiyo siipendi. Mdalasini huanza kutoa ukakasi wake, iliki hupotea, na mpishi hana namna ya kujua ni lini pasimame.

Hatua ya tatu: pombe

Subiri shira ipoe kabisa. Pombe tupu huchemka kwenye nyuzi 78, na hata chini ya hapo huondoka na mvuke, kwa hiyo ukiimimina katika shira ya moto utakuwa unainywesha hewa ya jikoni. Mvuke huo pia hushika moto, na jiko la gesi au la mkaa lililo karibu linatosha kuuwasha.

Mimi hutumia Konyagi. Ina kilevi cha asilimia 35, haina rangi, na haigombani na viungo. Ramu ya kahawia huleta harufu yake ya sukari iliyoungua na kuifunika iliki, ingawa wapo wanaoipenda hivyo. Mvinyo mwekundu mtamu wa Dodoma unawezekana pia, mililita 300 pamoja na kupunguza sukari hadi gramu 200, ila uache embe na utumie nanasi na zabibu, kwa sababu embe likilowa katika mvinyo mwekundu hupata rangi isiyovutia. Mbege, pombe yetu ya ndizi na ulezi, pamoja na heshima zake zote, ibaki kwenye kata: ulezi wake huivuruga shira na uchachu wake haukubaliani na karafuu. Gongo isikaribie sufuria yako. Ni haramu kisheria, na hakuna anayeweza kuitazama akajua kama ina methanoli, ambayo hupofusha na kuua.

Changanya mililita 150 za Konyagi, juisi ya ndimu mbili na ya machungwa yote mawili. Onja shira ikiwa baridi. Iwe tamu kidogo kuliko unavyotaka, kwa kuwa matunda yatatoa maji yao.

Hatua ya nne: matunda

Kata vipande vya ukubwa wa kuingia kijikoni. Nanasi huingia kwanza, saa sita kabla ya kula. Embe huingia saa tatu kabla. Papai na pasheni saa moja kabla. Ndizi ina haki yake Uchagani, lakini hapa huwa nyeusi na kuteleza. Tikiti hutoa maji mengi mno.

Bakuli likae kwenye jokofu muda wote. Watu hudhani kwamba pombe itayahifadhi matunda mezani. Shira hii ina kilevi cha asilimia 7 hivi kabla matunda hayajaizimua, na kiasi hicho hakihifadhi chochote katika joto la Januari. Sisi tuliokulia kwenye mbege hatuhitaji kufundishwa jinsi utamu unavyochacha. Umeme ukikatika, weka bakuli lililofunikwa ndani ya ndoo yenye barafu na chumvi. Siku mbili zikipita, mwaga.

Hatua ya tano: mezani

Gawa katika glasi ndogo, ukune kungumanga kidogo sana juu ya kila moja, na weka kijiko cha maziwa mgando mazito yaliyochujwa kwa kitambaa. Krimu sioni haja yake. Maziwa yawekwe wakati wa kula tu, wala si mapema, kwa sababu nanasi bichi lina kimeng'enya kiitwacho bromelaini na papai lina papaini, na vyote viwili huzivunja protini za maziwa na kuyafanya kuwa machungu ndani ya muda mfupi. Anayelazimika kupanga glasi mapema, au anayetaka kuweka jeli ya jelatini, alichemshe nanasi dakika tano ndani ya sehemu ya shira kabla ya kutia pombe, maana joto hukiua kimeng'enya hicho, kisha aliache papai.

Kwa vipimo hivi kila glasi ina kilevi kinachokaribia moja ya tano ya chupa ya bia ya mililita 500. Ni kidogo, ila utamu na ubaridi hukificha, na mtu hula glasi tatu bila kujua. Tenga nusu ya shira kabla ya hatua ya tatu kwa ajili ya watoto, wajawazito, wanaotumia dawa na wasiokunywa, uiweke kwenye bakuli la rangi tofauti, na umwambie kila mgeni lipi ni lipi, kwani kwa macho hayatofautiani. Ukifanya hivyo, Konyagi nayo ipunguze hadi mililita 75.

Vile viungo ulivyovichuja kabla ya kutia pombe usivitupe. Visuuze, vianike siku moja juani, na vitatosha sufuria nzima ya chai ya maziwa.