Jinsi ya Kusoma Orodha ya Mabingwa wa Dunia wa Kuteleza kwa Mitindo Barafuni

Mashindano ya dunia ya kuteleza kwa mitindo barafuni yalianza mwaka 1896 mjini Saint Petersburg, yakiwa na wanaume wanne tu, na anayefungua orodha ya mabingwa wake kwa kawaida hukimbilia majina. Ni afadhali aanze na miaka isiyo na bingwa. Pengo la 1915 hadi 1921 na lile la 1940 hadi 1946 yametokana na vita vikuu, la 2020 na korona, na la 1961 na ajali ya ndege karibu na Brussels, iliyoua timu nzima ya Marekani ikiwa njiani kwenda Prague.

Kisha tazama kila safu inaanza lini. Ya wanawake inaanza 1906 mjini Davos, lakini rudi kwanza kwenye safu ya wanaume ya London, 1902, umtafute mshindi wa pili. Utamkuta Madge Syers, Mwingereza aliyejiandikisha kwa kuwa hakuna kanuni iliyomkataza, akashindwa na Ulrich Salchow wa Uswidi peke yake. Mwaka uliofuata chama cha kimataifa kiliwazuia wanawake kushindana na wanaume. Walipofunguliwa safu yao huko Davos, bingwa akawa Syers huyohuyo. Asiyelijua hilo atadhani safu hiyo ilitolewa kwa hisani. Safu ya wawili wawili ilifuata 1908, na ya dansi 1952.

Ukifika kwenye kulinganisha mabingwa, nenda polepole, maana hapa ndipo wengi hukosea. Salchow na Sonja Henie wa Norwei wana mataji 10 kila mmoja, ila enzi zao alama nyingi zilitoka kwenye michoro ya lazima, yaani maumbo ya miduara ambayo mchezaji aliyachora kwa makali ya viatu na waamuzi wakainama kuyakagua. Uzito wa michoro hiyo ndio unaoeleza ushindi wa Beatrix Schuba wa Austria mwaka 1971 na 1972. Ilifutwa baada ya mashindano ya 1990.

Alama zenyewe zisomwe kwa tahadhari zaidi. Hadi 2004 kilele kilikuwa 6.0, lakini kuanzia mashindano ya Moscow, 2005, pointi hujumlishwa kwa kila mruko na mzunguko, kwa hiyo anayevuka mpaka huo alinganishe nafasi za washindani, si pointi zao.