Namna ya Kubuni Hati ya Kichawi kwa Ajili ya Hadithi

Kabla ya kuamua hati yako ina nguvu gani, amua imetengenezwa kwa kitu gani, kwa kuwa umbo lake ndilo litakaloifanya iaminike. Hati nyingi za Ulaya ya karne za kati ziliandikwa juu ya ngozi ya ndama, mbuzi au kondoo iliyolowekwa katika maji ya chokaa, ikawambwa, ikakwanguliwa na kukaushwa. Na kwa kuwa ngozi hiyo ilikuwa ghali, mara nyingine maandishi ya zamani yalifutwa ili mapya yaandikwe juu yake, huku alama za yale ya kwanza zikibaki kwa mbali. Hapo, kwa maoni yangu, ndipo penye hazina kubwa ya mtunzi, kwani uganga uliofutwa unaweza kuendelea kufanya kazi chini ya sala ya kawaida. Kisha weka gharama: kila anayeisoma apoteze kitu, na kanuni hiyo isibadilike hadithi ikiwa katikati. Hatimaye eleza ni nani anayeimiliki, nani amekatazwa kuigusa, na wanakili waliikosea wapi, maana nakala mbili zinazotofautiana kwa neno moja tu zinatosha kuigawa milki nzima.